Cherehani Zinazoshona Hewa

Neema mwanangu,

Katika milio yote niliyoisikia, uliobaki masikioni mwangu ni wa cherehani isiyo na kitambaa. Cherehani ikiwa na kitambaa chini ya sindano hutoa sauti nzito, kama mtu anayezungumza huku anatafuna. Ikikosa kitambaa, sauti hupanda, inakuwa kavu na nyepesi, chuma kikigonga chuma bila kitu katikati. Niliusikia mlio huo mara ya kwanza nikiwa na miaka kumi na mitano. Nilikuwa nimesimama mlangoni mwa kiwanda cha mashati, Changamwe, Mombasa, nimemletea nyanya yako ufunguo wa nyumba aliousahau mezani. Mlinzi aliniruhusu nifike mlangoni tu. Ndani niliona safu za wanawake wenye makoti ya buluu, wote wamenipa mgongo, na sikuweza kujua mama yangu ni yupi. Kwenye kona ya mbali, chini ya muungurumo wa zile nyingine, cherehani mbili tatu zilikuwa zikilia kikavu.

Jioni, tukitembea kurudi Mikindani, nilimuuliza.

"Umezisikia?" alisema, nami nikaona hakupenda kwamba nimezisikia. "Hizo zinashona hewa."

"Kwa nini mtu ashone hewa?"

"Kazi imemwishia na msimamizi anapita. Ukionekana umeweka mikono mapajani, kesho wewe ndiwe wa kwanza kuambiwa upumzike. Basi unainama, unakanyaga, unasukuma mikono kana kwamba una nguo."

"Na msimamizi hasikii?"

"Anasikia. Naye pia anaogopa."

Haikupita miezi mingi safu nzima ikawa inashona hewa, na yeye akiwa mmojawao, kisha lango likafungwa. Waliambiwa kwamba wanunuzi wa ng'ambo wamehamia Asia. Nyanya yako aliniuliza mimi, kwa kuwa ndimi niliyekuwa shuleni, Asia hasa ni wapi. Nilimfungulia atlasi. Akaweka kidole gumba Mombasa na cha shahada upande wa pili wa bahari, mkono ukanyooka wote, akasema, "Mbali hivi? Na shati ni lile lile?"

Ninakuandikia mchana, chumbani kwetu Xiaobei, hapa Guangzhou, China. Wewe uko ghorofa ya chini kwa Mama Bijou, yule Mkongo wa Lubumbashi, unasukwa nywele za safari. Sauti yake inapanda mpaka huku: "Tulia, mutoto! Kichwa haiko mupira!" Kesho Mama Mwende, yule mteja wangu anayeuza nguo soko la Gikomba, atakushika mkono mpaka Nairobi, na nyanya yako atakuwa pale kukupokea. Mambo ya soksi, mswaki na kutolala na ndala miguuni nimemwambia Mama Mwende, sitayaweka hapa. Una miaka sita. Barua hii itakungoja kwa nyanya mpaka uweze kuisoma mwenyewe, na ukiisoma huenda tayari utakuwa na maswali ambayo hutataka kuniuliza kwenye simu.

Sababu ya wewe kwenda ni nyepesi kuieleza. Karatasi zako za kuishi hapa zinaisha mwezi huu, na shule za serikali za mji huu haziandikishi mtoto ambaye wazazi wake si wa hapa. Zile nyingine ni za watoto wa mabalozi na mameneja. Baba yako alirudi Lubumbashi kabla hujaanza kutembea, simu zake zikapungua, kisha zikaisha. Sina la kumlaumu nalo leo. Darasa la kwanza linaanza Januari, na nyumba ya nyanya yako iko hatua chache kutoka shuleni. Mtu yeyote ninayemweleza hivyo anatikisa kichwa kukubali. Naogopa kitu kimoja tu, nacho sijamweleza mtu: kwamba nitakapokuja kukuona nitakuwa mgeni aliyeleta nguo.

Nilipokuambia unakwenda nyumbani, ulikuwa umekaa kitandani unamenya chungwa.

"Nyumbani si hapa?" uliniuliza.

"Hapa tunaishi. Nyumbani ni kwa nyanya."

"Lakini mimi sijafika. Mtu anarudije mahali hajafika?"

Nilikuambia ukanawe mikono. Nimesoma mpaka chuo kikuu, nimefaulu mitihani ya lugha ngumu kuliko zote nilizowahi kukutana nazo, na jibu nililokuwa nalo ni hilo la kunawa mikono.

Nataka ujue habari za nyanya yako, maana utaishi naye na yeye hajisemi. Alifanya kazi katika kiwanda kile miaka tisa. Nilipofika Guangzhou kwa msaada wa masomo na kuanza kuwatafsiria wafanyabiashara siku za Jumamosi, kitu cha kwanza nilichomnunulia kilikuwa cherehani. Kichwa kilikuwa kimenivimba. Nilimwona kabisa: kibanda kidogo pale barabarani, sare za shule zimetundikwa mlangoni, wateja wamepanga foleni. Niliituma na mtu wa mizigo. Mwaka uliofuata nilipokwenda likizo niliikuta pembeni mwa sebule, imefunikwa kitambaa cha kufuma, na juu yake kuna redio na picha yangu.

Nilimkasirikia. Nilimwambia, "Mama, miaka tisa kiwandani na hushoni hata gauni?"

Alikuwa akichambua mchele. Hakuinua macho. "Mimi sikushona mashati," alisema. "Nilishona mifuko."

"Mifuko ni sehemu ya shati."

"Mfuko wa kushoto, wa kifuani. Linakuja shati limeshakatwa, naweka mfuko, linakwenda. Sikuwahi kuona mikono yake ikitiwa. Kola sikuijua. Unataka nifungue duka niuze mifuko?"

Aliichukulia kama mzaha, akacheka peke yake, mimi nikatoka nje. Ilinichukua muda mrefu kuelewa alichoniambia. Nilikuwa nimedhani kazi humfundisha mtu kazi. Yake ilimfundisha kufanya sehemu moja ndogo haraka kuliko mtu mwingine yeyote, na siku sehemu ile ilipohama, ilihama na ujuzi wake wote, akabaki na kasi isiyo na mahali pa kuipeleka. Hata leo akikunja nguo, tazama kidole gumba cha kushoto. Kinasawazisha pembe ya mfuko ambao haupo.

Sikuambii haya ili ujifunze kushona shati zima. Nadhani hayupo tena mtu anayeshona shati zima. Hata mwenye kiwanda hawezi. Nakuambia kwa sababu nilimdharau kidogo, nikiwa na vyeti vyangu, na wakati huo huo mimi mwenyewe nilikuwa nageuka kuwa mfuko. Kazi yangu ni mdomo. Mama Mwende anataka mashati, laoban ana mashati, nami nakaa katikati, naingiza Kiswahili upande mmoja kinatoka Kichina upande wa pili. Laoban, kama unavyojua wewe kuliko mimi, ndivyo tunavyomwita kila mwenye duka na kila mwenye kiwanda. Nikitoka hapo mezani, shati sijalishona, duka si langu, mteja si wangu. Nimebaki na maneno ya watu.

Lakini nilikuwa hodari, nami nilipenda kuwa hodari. Ungemwona Mama Mwende siku za mwanzo pale kwenye soko la nguo la Guangyuan Xilu, wachukuzi wakitupita na marobota mgongoni wakipiga kelele tupishe njia, naye amesimama katikati ya ukumbi ameshika shati la saizi kubwa kabisa, amelipima juu ya kifua chake.

"Hii ni XL ya nani? Ya kuku?"

Laoban aliniuliza amesema nini. Nikamwambia mteja anauliza kama kuna kubwa zaidi.

"Usimpambie, Mama Neema!" alisema Mama Mwende, kwa kuwa uso wa laoban haukubadilika. "Mwambie vile nimesema. Mwambie watu wangu wa Gikomba wanakula ugali, wako na vifua. Hii hata wa Form Two haiingii."

Nilimwambia vile vile, na kuku. Laoban alicheka mpaka akaegemea rafu. Tangu siku hiyo tukawa na kipimo chetu: nguo za Afrika, saizi mbili juu. Niliandaa vipimo hivyo mwenyewe, kifua, bega, urefu wa mkono, na viwanda kadhaa vya pembezoni mwa mji vinavitumia mpaka sasa. Naweza kumtazama mtu akipita nikakuambia saizi yake. Kumbuka hilo, nitalirudia.

Kiwanda tulichokuwa tukikitumia zaidi kilikuwa cha laoban Huang, kaskazini ya mji, mahali ambapo basi linageuzia. Siku ya kwanza nilipopandishwa ghorofani kuona mashati yetu yakishonwa, nilisimama mlangoni. Safu za wanawake, makoti ya buluu, wote wamenipa mgongo. Huang aliniashiria niingie, nami nikabaki kizingitini. Nilikuwa nimefika pale ambapo kidole cha shahada cha nyanya yako kiligusa kwenye atlasi, na watu walioichukua kazi yake walikuwa wanawake wembamba wenye nywele zilizofungwa kwa mpira, wengine wadogo kuliko mimi. Nilikuwa nimejitayarisha kuwachukia na sikuweza hata kuwatofautisha.

Mmoja wao unamjua. Lan, shangazi yako, ayi kama ulivyomwita, aliyekufundisha kupasua balungi bila kisu. Yeye alikuwa wa kola. Anatoka Hunan, na Kichina chake kina lafudhi ya kijijini kwao ambayo wenzake wanaicheka, na changu kina lafudhi ya Mombasa, kwa hiyo tulielewana kwa urahisi: kila mmoja wetu alikuwa na subira na mdomo wa mwenzake. Nilipokuja kukagua mzigo nilikuja nawe, na wakati wa chakula mlikaa naye kwenye ngazi, wewe mapajani mwake. Ana mtoto wa kiume aliyekuzidi umri kidogo. Mtoto huyo analelewa na wazazi wa mumewe kule Hunan, na Lan humwona Mwaka Mpya wao unapofika, basi.

Siku moja ulimwita kutoka chini, "Ayi! Ayi!", unataka umenyewe kitu, naye akaanza kucheka kwa ile namna yake ya kufunika mdomo.

"Unajua," aliniambia, "watoto wawili wananiita shangazi. Na mmoja nimemzaa."

Nilidhani anatania. Akanieleza. Mtoto wake anamwita bibi yake Mama. Lan akifika, bibi humsukuma mtoto mbele: huyu ndiye mama yako, mwite. Mtoto humtazama, husema "ayi", kwa adabu kabisa, kisha hujificha nyuma ya bibi. Mwaka jana Lan alimpiga kibao.

"Nilimpiga," alisema, bado anacheka lakini mkono umeshuka kutoka mdomoni. "Nimesafiri siku nzima na usiku mzima nimesimama, treni imejaa, nimembebea suruali. Nikampiga. Basi siku zote za likizo zikawa ni hizo. Mama mkwe analia, mtoto analia, mimi nakazana: niite, niite! Mpaka likizo ikaisha."

"Akakuita?"

"Siku ya mwisho. Aliogopa." Akakuvua kiatu, akakung'uta mchanga, akakuvisha. "Na suruali ilikuwa fupi. Kila mwaka ni fupi. Kutwa nzima saizi zinapita mikononi mwangu, na mwanangu namnunulia ya mwaka uliopita."

Nilirudi nawe kwenye basi ukiwa umelala begani, na nilimhukumu. Nilijiambia mimi nisingekubali. Nilijiambia kuna namna ya kupanga maisha, kwamba mtu aliyesoma hafikishwi huko. Nimeandika "nilijiambia" mara mbili, niache nilivyoandika.

Mwezi wa kumi na moja nilikwenda kwa Huang pamoja na Mama Mwende. Mashati ya mzigo uliotangulia yalikuwa tayari, na Mama Mwende alikuwa amekuja kuagiza mzigo mkubwa kuliko yote, wa sare za shule. Huang alitumiminia chai katika vile vikombe vidogo. Alisema mambo ni mazuri, Wamarekani wanaagiza, Wazungu wanaagiza, mikono haitoshi. Nilikuwa nikitafsiri. Mlango wa ukumbi ulikuwa wazi nyuma yake.

Nikasikia. Si kona moja. Nusu ya ukumbi ilikuwa inalia kikavu.

Niliacha kutafsiri katikati ya sentensi. Mama Mwende alinitazama. "Nini? Amesema nini?"

"Amesema wana kazi nyingi."

"Sasa mbona sura imekuwa hivyo?"

Huang alikuwa akitabasamu, amenyoosha kikombe. Neno moja la Kiswahili halijui. Ningeweza kusema chochote pale mbele yake, na sijawahi kuwa peke yangu kama nilivyokuwa kati ya watu wale wawili walioningoja nifungue mdomo. Nikinyamaza, Mama Mwende ataagiza, na huenda agizo lake ndilo litakalowapa wanawake wale mwezi mwingine mmoja, Lan mmojawao. Au kiwanda kitafungwa na agizo lake likiwa ndani, naye akose sare na wateja wake wote wa Januari. Nikisema, hataagiza. Nilisoma uchumi. Hakuna kitabu kilichowahi kuniweka kwenye kiti kile.

"Mama Mwende," nilimwambia, "hizo cherehani hazina nguo."

"Unaona kutoka hapa?"

"Nasikia."

Hakuniuliza nimejuaje. Alimaliza chai yake taratibu, akaweka kikombe, akafunga mkoba. "Mwambie tutapiga simu," alisema. Tukateremka. Njiani nilipita karibu na safu ya Lan. Alikuwa ameinama, mikono inasukuma, na chini ya sindano hapakuwa na kitu. Aliniona nikiona. Aliendelea kukanyaga.

Kiwanda kilifungwa wiki chache baadaye. Sijui kama agizo letu lingekiokoa, na watu wote niliowauliza wameniambia lisingekiokoa; wanunuzi wa ng'ambo walikuwa wameshaacha kuagiza, na vilifungwa vingi mwaka huo, vikubwa kuliko cha Huang. Ni kweli. Lakini mimi ndiye niliyeketi pale, na siwezi kujijibu kwa habari za viwanda vingine.

Nilikwenda kumuaga Lan. Nje ya lango walikuwa wamekaa juu ya mabegi yao ya mistari, wanangoja basi la kituo cha treni, na ilikuwa kama siku ya sherehe kwa namna fulani, watu wanagawana mbegu za alizeti na kutukana viongozi. Lan alinipisha nikae.

"Laoban anahamia Kambodia," alisema. "Ni wapi huko?"

Nilimwelekeza kwa mkono, kusini.

"Wanawake wa huko wanajua kushona kola?"

"Watafundishwa."

"Na nani? Si wanipeleke mimi basi!" Wenzake wakacheka, mmoja akasema huyo ataugua baharini kabla hajaiona sindano. Kisha Lan akaniuliza swali la kazi. Aliniambia umri wa mwanawe na kwamba bibi yake anasema amerefuka, akaniomba nikadirie suruali. Mimi, mwenye jicho la saizi. Nilimuuliza bega, kiuno, anafika wapi akisimama karibu na meza. Kila swali alilijibu, "Sijui." Mwishowe nilimwambia anunue kubwa, atakulia ndani yake. Basi likaja.

Nilirudi chumbani nikakuta umelala chali, mikono imetupwa pembeni, nikakupima kwa kiganja changu kutoka kisigino mpaka utosini. Nilijua ninachofanya. Nilikuwa najiwekea kipimo ambacho kitakuwa uongo kabla ya Pasaka.

Huang alinipigia simu baada ya hapo. Alisema mashine zimeshapakiwa. Alisema kule anakokwenda hana mtu wa kuzungumza na Waafrika, na kwamba wateja wananiamini mimi, si yeye. "Njoo," alisema. "Kazi ni ile ile, mahali tu." Yeye mwenyewe alianza kwenye safu, mwanangu, alikuwa mtu wa vifungo; si mtu mbaya. Ana mtoto anayesoma ng'ambo ambaye hamwoni.

Nimekubali. Nitaondoka baada ya kumaliza mizigo iliyobaki. Ningeweza kukuambia ni kwa sababu ya ada yako na paa la nyanya, na ndivyo ilivyo. Hakuna mtu mwingine katika familia yetu anayepokea mshahara, na Mombasa nimeomba kazi mara nyingi kuliko ninavyopenda kukumbuka. Lakini nilikuahidi moyoni kwamba barua hii haitakupambia. Nimekubali pia kwa sababu kuna mahali watu wananingoja nifungue mdomo, na nyumbani sina mahali kama hapo. Ukikua utakutana na hisia hiyo. Sitakuambia uikimbie. Nakuambia tu uijue inapoingia, maana inaingia imevaa nguo za wajibu. Na kazi yoyote utakayoipata, uliza inatoka wapi na inakwenda wapi ikitoka mikononi mwako, hata kama jibu halitakusaidia chochote.

Chumba hiki atakipanga mtu mwingine. Ukiulizwa shuleni kwenu ni wapi, jibu utakavyoona. Swali lako la siku ile ya chungwa lilikuwa zuri kuliko jibu langu.

Pale Mikindani nilikua na watoto waliowaita nyanya zao Mama, na mama zao wazazi wakawaita kwa majina, kama dada wakubwa wanaokuja Krismasi na mikate. Nilikuwa nawaonea huruma akina mama wale. Nilidhani wamenyang'anywa. Halikunijia kamwe kwamba huenda kuna siku mmoja wao aliketi akaamua.

Jana ulipokuwa umekwenda dukani na Mama Mwende nilimpigia nyanya yako. Tulizungumza habari za ndege, na sare, na kitanda. Kisha nikamwambia, "Mama, Neema akikuita Mama, itika."

Alipunguza sauti ya redio.

"Kwani mimi si nyanyake?"

"Ni nyanyake. Lakini atawasikia wenzake pale, kila mtu ana wa kumwita. Litamtoka tu siku moja, na wewe utamkosoa, umwambie mama yako yuko ng'ambo. Usimkosoe."

"Wewe Kadzo, umelala kweli wewe? Umekula?"

"Nimekula."

"Na wewe ukija akuiteje?"

"Jina langu."

"Utaweza?"

Nilimwambia sitaki siku chache tutakazokuwa nazo ziwe za kugombania jina. Nilimwambia sitaki uniite kwa kuogopa. Alivuta pumzi kama anayetaka kubisha, halafu akaniuliza unapenda uji wa nini, nikamwambia hujawahi kunywa uji, akasema haya, tutaanza na wa wimbi.

Sasa nasikia miguu yako ngazini na Mama Bijou nyuma yako anakusihi usikimbie. Kwa hiyo ukifika, na siku moja ukajisikia kumwita hivyo, usiangalie nyuma kunitafuta, wala usidhani umenikosea. Mwite. Nimeshamwambia aitike.

Kadzo